Kunywa Maji

Ulianza na chupa.
Wadi Kabir, chumba kimoja, feni moja,
chupa za soda ishirini na mbili juu ya zulia,
kifuniko ndiyo mpira.
Mama anapepeta mchele, hata hainui kichwa:
"Muhenna, huyo wa kushoto mbona humpi?"
Ukampa. Akafunga.
Mimi nikatumwa kuzirudisha chupa dukani.

Halafu redio. Halafu televisheni.
Siku ya kwanza nilikupigia kanzu pasi mara tatu,
na kumbe utasikika tu, hutaonekana.
Ulisema Kiarabu cha vitabuni, kila irabu imevaa viatu,
nasi tuliokuja na Kiswahili chetu
kama msafiri aliyekuja na mto wake wa kulalia
tukakaa mbele ya kioo, tumekodoa.
"Anasoma hotuba?" akauliza Mama.
Anatangaza.
"Sasa mbona hapumui?"

Usiku ule picha ikakatika.
Mechi iko nchi za mbali, wewe uko studio Maskati,
kioo mbele yako cheupe kama sinia la bati.
Fundi akakuzungushia kidole: endelea, endelea.
Dakika kumi na moja.
Bao hukulitunga, ulimwogopa Mungu.
Ulitunga mipira ya kurusha,
kona moja isiyo na faida,
beki anayefunga kamba ya kiatu, anafunga, bado anafunga
(nani atakwenda kushitaki kamba ya kiatu?).
Picha iliporudi matokeo yalikuwa yale yale,
ila beki wako yuko benchi zamani, barafu gotini.

Mama alisema, "Leo ndiyo nimeona mpira."

Na mlemle, kinywa kimekukauka,
likakuponyoka neno: haya.
Nchi nzima ikasikia *hayya*, twendeni, mbele!
Asubuhi watoto wa Matrah wanalipigia kelele vichochoroni.
Sisi tulilijua ni haya gani.
Haya ya mtu anayeshika magoti kabla ya kuinuka kitini.
Mama akaijibu televisheni:
"Haya, baba. Kunywa maji."
Wallahi tukasikia bilauri inagonga meza.

Basi ikawa mara moja kila mechi, kwa miaka thelathini na mmoja.
Kuwait, Doha, Manama, hoteli zenye zulia lile lile;
harusini kwako ulifika na lebo ya uwanja wa ndege mkononi.
Walikuiga, walikutukana, mmoja aliandika gazetini
kwamba unaipendelea Sur, nawe hujawahi kulala Sur hata usiku mmoja.
Mama akingoja neno lake.
Likichelewa, anagombana na refa.

Alizikwa Alhamisi. Ijumaa ulikuwa na mechi Salala,
manyunyu, mpira unateleza kama sabuni.
Dakika ya themanini na nane ukasema, haya,
kisha ukanyamaza.
Watu walidhani mitambo.
Mimi nilikuwa mbele ya kioo, kiti chake ubavuni kwangu,
maneno ya kujibu nayajua.
Sikujibu. Hayakuwa yangu.

Sasa una kinundu kooni, na daktari wa Bausher
amekupa daftari: hadi mwisho wa mwezi, hata kunong'ona hapana.
Unaandika *chumvi*. Unaandika *nani kapiga simu*.
Mwandiko wako mbaya, sikuwahi kujua.

Jana alitangaza yule kijana, Azzan,
mbio, mbio, pumzi hana,
na lilipoingia bao akapasua: Hayya!
kwa y mbili, kama lilivyo kamusini.
Hajui lilikuwa la nani.
Sauti ikamkatika palepale, ikakwaruza,
ikarudi nusu.

Nawe ukachukua daftari, ukaandika upesi,
ukasogea, ukaielekeza karatasi kwenye kioo,
ukaishikilia hapo
mpaka filimbi ya mwisho,
kwa Kiswahili.